Mlango wa Uani

Siku hizi mteja akija ofisini kwetu kutaka kuchorewa nyumba, simuulizi kwanza nyumba itatazama wapi. Namuuliza akiamka asubuhi anatokea mlango gani, na mtu wa kwanza anayetaka kumwona ni nani. Wengine hunitazama kama nimechanganyikiwa. Bwana mmoja aliniambia amekuja kutafuta ramani, hakuja kupigiwa ramli. Nilicheka naye, kisha nikangoja jibu, maana swali hilo sikufundishwa chuoni. Nililipata upande wa kwetu Bagamoyo, mwaka aliofariki baba, na lilinitoa machozi kabla ya kunisaidia kazini.

Nyumba niliyokulia ilikuwa ya miti na udongo. Mbele ilikuwa na baraza pana lililosakafiwa, na pale ndipo baba alipoweka cherehani yake. Alikuwa fundi wa kanzu na sare za shule. Wanaume walileta nguo za kupunguzwa wakabaki kwa mazungumzo, na wengine, tuseme ukweli, hawakuwahi kuleta hata kitambaa. Walikunywa kahawa, wakabishana mpira na siasa na nani alimwoa nani, na baba akiwa ameinamia pindo anacheka bila kuinua kichwa. Hadi leo nikisikia cherehani ya miguu ikikimbia, moyo wangu unarudi kule. Nilimpenda sana baba yangu, na baraza lile nililipenda kwa ajili yake.

Nyuma ndiko kulikokuwa na ua. Ulikuwa uwanja mdogo wa mchanga uliozungushiwa makuti, una mafiga matatu, pipa la maji, mpapai mmoja wenye kiburi usiotaka kuzaa, na mkeka uliohama na kivuli tangu asubuhi mpaka alasiri. Huko mama alivua ushungi akapigwa na upepo kichwani. Huko nilisukwa nywele, nikachambua mchele, nikachapwa kwa kumwaga tui, na nikabembelezwa na yuleyule aliyenichapa. Na pembeni kabisa, katikati ya makuti, palikuwa na mlango wa mbao wa rangi ya buluu, mfupi, ambao mtu mzima alipita kwa kuinama.

Mlango ule ulitokea uani kwa jirani yetu wa nyuma, mwanamke wa rika la mama, ambaye nyumba yake ilitazama mtaa mwingine. Yeye na mama waliolewa mitaa ile karibu wakati mmoja, na tangu hapo wakawa mashoga. Hakuwa akija kututembelea. Kutembelea kuna kuvaa baibui, kuna hodi na karibu, kuna kuulizana habari za watoto na za shamba. Yeye alikuja tu. Aliingia na khanga moja kiunoni na nyingine begani, kichwa wazi, muhogo ulioanza kumenywa mkononi, akiendeleza maneno ya jana pale alipoyaachia. Mbuzi yetu ya kukunia nazi iliishi kwake kuliko ilivyoishi kwetu. Bakuli likienda kwake na maandazi lilirudi na mchicha, na mimi ndiye niliyekuwa mbebaji, nikipita mlango ule wima kwa sababu bado nilikuwa mfupi. Nilikuwa na mama wawili, wala sikujua kwamba hiyo ni bahati.

Nilipokua nilikwenda Dar es Salaam kusomea uchoraji wa majengo, nikaajiriwa katika ofisi inayochora nyumba za watu wenye uwezo na hoteli za ufukweni. Hapo nikageuka kuwa mtu wa pwani wa ofisi nzima. Mteja akitaka kitu cha kwetu-kwetu aliletwa mezani kwangu, nami nikampa baraza. Baraza la mawe, baraza la zege lililopakwa chokaa, baraza lenye mito ya kuegemea. Niliwaambia kwamba mimi nimekulia barazani, na niliyasema hayo kwa mapenzi mpaka nikasikia harufu ya kahawa puani. Wateja walipenda. Bosi alipenda. Mimi mwenyewe niliyaamini.

Basi nilipojiweza nikawachorea wazazi wangu nyumba mpya palepale penye ile ya udongo, ambayo ilikuwa imeanza kuinama kwa uzee. Baba aliomba jambo moja tu, mbele pawe na heshima. Nikamchorea mbele hasa. Baraza lenye nguzo nne, mlango mkubwa wa nakshi, na pembe yake ya cherehani ambapo jua la asubuhi lingemfikia bila kumchoma. Nyuma niliweka jiko la ndani lenye sinki, na uwanja nikauzungushia ukuta wa matofali wenye vipande vya chupa juu. Mama ndiye aliyesisitiza ukuta uwe mrefu, kwa sababu wezi walikuwa wamemchukulia sufuria zake mbili na kuku mwenye vifaranga.

Na ule mlango wa buluu? Laiti ningesema kwamba niliufikiria nikaamua kuuondoa. Sikuufikiria. Kwenye ramani mpaka wa kiwanja ni mstari mweusi mnene, nami nikauchora mstari wangu moja kwa moja bila mkono kusita. Mama aliitazama karatasi akasema nzuri. Baba, ukuta ulipoanza kupanda, aliunywesha maji kila jioni kwa ndoo ili saruji ishike vizuri, akiimba kwa sauti ya chini. Jirani yetu alisimama upande wake akitazama, mpaka matofali yakamfika shingoni. "Mnajenga vizuri, mashallah," alisema. Kisha akamwomba fundi ule mlango wa zamani, akapewa.

Mwanzoni hapakuonekana kuharibika kitu. Mama alizunguka. Alivaa baibui, akatoka mlango wa mbele mbele ya wageni wa baba, akafuata barabara, akapita gereji ya pikipiki na kona yenye mtaro, akafika kwa shoga yake akiwa amechoka na amekasirika. Alilalamika lakini alikwenda. Kisha baba akaugua kwa muda mfupi tu, akafariki.

Siku za msiba baraza lilifanya kazi yake. Wanaume walilijaza, wakasoma, wakakaa kwa nafasi, nami katikati ya kulia nikajivuna kidogo kwa kumwekea baba mahali pa kuagwa kwa heshima. Wanawake walikuwa ndani. Walibanana sebuleni na ukumbini, na kila kilichohitajika kutoka kwa jirani, yawe maji, liwe sinia, iwe sufuria ya wali, kilizungushwa barabarani na kupitishwa katikati ya wanaume, huku mbebaji amejifunika na amejikunja asimguse mtu. Niliona, nikadhani msiba ndivyo ulivyo. Jirani yetu naye alizunguka kila siku kwa magoti yake mabovu. Siku ya hitima alianguka kwenye mtaro wa kona, na tangu hapo hakuweza tena kuzunguka.

Mama akaingia eda. Kwetu mjane hukaa nyumbani miezi minne na siku kumi, hajipambi, hatoki ila kwa dharura, na kinachomvusha ni wanawake wa kukaa naye. Wiki za kwanza walikuja wengi. Baadaye, kama kawaida ya watu wenye shughuli zao, wakapungua. Mimi nilikuwa nikirudi kutoka Dar kila Ijumaa, na kila Ijumaa nilimkuta mama amepungua mwili. Nikasema ni huzuni ya baba. Ilikuwa hiyo kweli, lakini si hiyo peke yake.

Jumamosi moja nilikuwa sebuleni naongea kwa simu na mteja wa hoteli. Nikamwambia maneno yangu yaleyale, kwamba asiwe na wasiwasi na baraza, maana mimi nimekulia barazani. Mama alikuwa amejilaza mkekani, nikidhani amesinzia. Nilipokata simu aliuliza bila kufumbua macho.

"Umekulia barazani wewe? Lini?"

Nikacheka. Yeye hakucheka.

"Barazani ulipita na kahawa ya baba yako, mwanangu, na ukichelewa kurudi nilikuita. Wewe umekulia uani. Na huko uani ndiko ulikokuziba."

Hakusema kwa ukali, na heri angesema kwa ukali. Akaniambia kwamba mtoto wa jirani yetu, mwenye duka Msata, kule bara, ameamua kumhamisha mama yake akaishi naye, kwa kuwa ameshaanguka mara moja na hapa mtaani hana tena wa kushinda naye. Mwisho wa mwezi anakuja na gari. Kisha mama akageukia ukutani, nikaelewa ni kwa nini alikuwa akikonda.

Nilifungua kompyuta yangu jioni ile. Katika kazi yetu tuna desturi ya kuweka vijitu kwenye mchoro, ili mtazamaji apate kujua ukubwa wa jengo. Nikapitia michoro yangu nikitazama vijitu peke yake. Wanaume wa kofia wamekaa barazani, mmoja ameshika kikombe, mwingine anaelekeza kidole baharini. Watoto wanakimbia mbele ya ngazi. Nikatafuta mwanamke. Nilimpata mmoja, yuko mbali, amebeba ndoo, anapita zake, na mlango aliotokea hauonekani popote. Nyuma ya kila nyumba hapakuwa na kijitu hata kimoja. Pale mahali pa mama yangu nilikuwa nimeandika "eneo la huduma".

Hasira ilinipanda mpaka nikaifunga ile kompyuta kwa kishindo. Hakuna aliyeniambia nichore vile. Mimi, mtoto wa kike niliyesukwa na kuchapwa na kubembelezwa uani, nilikuwa nimezichukua kumbukumbu za wanaume walioketi mbele nikazifanya zangu, nikaziuza, na nikazijengea ukuta. Kulipenda baraza sikukosea. Lakini nililipenda kwa macho ya mtu anayepita na sinia, kisha nikachora kana kwamba nilikuwa miongoni mwa waliokaa, na wale waliokuwa nami nyuma nikawasahau kabisa. Nililiona hilo likaniuma, na linaniuma mpaka sasa.

Kesho yake nilizunguka barabara, nikapita gereji na mtaro, nikabisha hodi kwa jirani. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akanikaribisha uani kwake kwa adabu zote za mgeni, na adabu zile ndizo zilizonichoma. Ule mlango wa buluu ulikuwa umelazwa juu ya matofali manne, ameanika makopa ya muhogo juu yake. Bawaba zake bado zilikuwepo. Nilimwomba asiende Msata. Nikamwambia nitamtafutia bajaji ya kumleta na kumrudisha kila siku mpaka eda iishe.

"Bajaji nipande nikamwambie mama yako nini?" aliniuliza. "Mimi sina habari za kupandia bajaji. Huku nilikuwa na mama yako, mwanangu. Sasa nina ukuta."

Nilirudi nyumbani nikamwambia mama kwamba nauvunja. Nilidhani atafurahi. Aliinuka akakaa, akafunga khanga yake vizuri, akasema ukuta ule marehemu aliunywesha maji kwa mkono wake, na kama nina nyundo niipeleke kwingine. Hata mimi nilipoutazama nilimwona baba na ndoo yake, nikasikia ile sauti yake ya chini. Ijumaa iliyofuata nikarudi, na ukuta upo, na mwisho wa mwezi unakaribia.

Katikati ya mambo hayo nilikuwa na kazi Zinga, kijiji cha jirani na Bagamoyo, kwa mzee mmoja aliyetaka nyumba kwenye shamba lake la minazi. Nilimfikia nikiwa na moto wa mtu aliyezinduka juzi. Kabla hajamaliza kunikaribisha nilishamwelezea habari za upande wa wanawake, njia ya wanawake, ua wa wanawake kupikia wasionekane na wapita njia. Alinisikiliza kwa upole mpaka nilipoishiwa pumzi. Kisha akaniambia mkewe alifariki zamani, yeye ndiye anayepika, tena anapenda kukaanga samaki wake akitazama barabara, ili anayepita amkaribishe. Nilitamani ardhi ipasuke. Nilikuwa nimeng'oa picha moja nikatundika nyingine kwenye msumari uleule, bila kumuuliza mwenye ukuta. Ndipo, kwa aibu, nikamuuliza akiamka asubuhi anatokea wapi na anataka kumwona nani. Mzee akaweka kikombe chini akaanza kunieleza, na jua likageuka bado anaeleza.

Jioni ile sikurudi Dar. Nilikwenda Bagamoyo nikamuuliza mama swali lilelile. Akasema asubuhi anataka kumwona yule wa nyuma, kabla hata hajanawa uso. Akavuta pumzi akaongeza, "Vunja. Lakini penye mlango tu. Kwingine kote uache ulivyoachwa na baba yako."

Fundi aliyekuja kuvunja ni yuleyule aliyejenga, na alinitania kutwa nzima kwamba wasomi tunawapa mafundi kula mara mbili. Kazi haikuwa nyepesi. Kiwanja chetu kilikuwa kimejazwa kifusi wakati wa ujenzi, upande wetu ukawa juu na upande wa jirani ukabaki chini, ikabidi tujenge vidato viwili vifupi vya kukanyaga na chuma cha kushika kwa ajili ya magoti yake. Tulipokuwa tukihangaika na usawa wa kizingiti, mtoto wake akafika kutoka Msata na gari la kuhamishia vyombo. Mama yake hakumwambia habari ya kuhama wala kutohama. Alimimina makopa kwenye ungo, akaupangusa vumbi ule mlango, akamwambia ashike upande wa juu. Mtu mzima wa watu, na shati lake la safari, akashika. Nilimwona akiuangalia mlango, akamwangalia mama yake, kisha akamwomba fundi misumari.

Nilishuhudia asubuhi ya kwanza. Nilikuwa bado kitandani niliposikia bawaba zikilia, kisha sauti ya mwanamke ikiingia imeshaanza kusema, wala si salamu, ila malalamiko juu ya chumvi ya dukani. Mama akajibu kwa usingizi. Baadaye nikasikia mbuzi ikikuna nazi. Nililia nimejifunika shuka kichwani kama mtoto, na nililia kwa furaha.

Eda ikaisha. Kwetu siku hiyo mjane huogeshwa, huvishwa nguo mpya, hufukizwa udi, na watu huja kumpokea. Nilijitwika maandalizi yote. Barazani nikatandika mikeka mipya, nikawaomba wanaume wasogee kwa jirani wa kulia, nikawapanga mama wadogo na mashangazi kwenye ngazi, nikaufungua ule mlango wa nakshi mabawa yote mawili. Mimi mwenyewe nikasimama mbele na simu mkononi, tayari kumpiga picha mama akitoka. Tukangoja. Chetezo cha udi kikafuka mpaka makaa yakawa majivu. Shangazi mmoja akapiga miayo. Ndipo tukasikia, nyuma ya nyumba, wanawake wawili wakicheka.

Nilipita sebuleni na jikoni nikatokea nyuma. Uwanja ulikuwa mtupu na mlango wa buluu ulikuwa wazi. Mama alikuwa upande wa pili, na nguo zake mpya, udi bado unanukia, amekaa mkekani kwa shoga yake anamenya muhogo. Aliniangalia na simu yangu.

"Mbele kuna nani?" aliniuliza.

Nikamwambia kuna watu, wote wanamngoja yeye.

"Waambie wapite huku."

Nikarudi barazani nikawaambia. Walipita ndani ya nyumba mmoja mmoja, viatu mkononi, wakashuka vidato na kuinama mlangoni. Nami nikaizima simu, nikainama wa mwisho.